Bastola ya Arthur na mafuta ya cherehani

Kazi yangu ni kutengeneza cherehani. Nina kibaraza Ngamiani, hapa Tanga: meza moja, bisibisi za kila saizi, na chupa ya mafuta ya cherehani ambayo haijakauka tangu enzi za marehemu baba. Nalitaja hilo mapema ili ujue kwa nini mtu wa miaka arobaini na mbili anakaa kuandika habari za kusafisha bastola ambayo haipo.

Gemu ni Red Dead Redemption 2. Ilitoka mwaka 2018, lakini mimi nimeingia 2021, niliponunua mashine ya gemu, PS4 iliyotumika, kwa jamaa aliyekuwa anahama mji. Hadithi iko Marekani, mwaka 1899, katika majimbo ya kubuni. Wewe ni Arthur Morgan, jambazi wa genge la Dutch van der Linde, enzi ambayo majambazi wa farasi wameanza kukosa pa kujificha. Wengi wanaisifu kwa milima yake, farasi wake na hadithi yenyewe. Mimi nilinaswa na jambo ambalo mpwa wangu analiona kero tupu: bunduki zinachafuka.

Na zinachafuka kwelikweli. Piga risasi nyingi, lowa mvua, anguka kwenye matope ya mji wa Valentine, vuka mto ukiwa nayo mgongoni, na chuma kinaanza kupoteza ung'avu. Mstari wa hali ya silaha unashuka, na nguvu, shabaha na kasi ya kupiga vinashuka nao. Hapo unashikilia kitufe cha L1 kwenye pedi, duara la silaha linafunguka, unachagua kuikagua. Arthur anaishika mkononi, na wewe unaweza kuigeuza huku na huku, uone mtutu, uone kitako, usome maandishi madogo kwenye chuma. Ukiamuru asafishe, anatoa kitambaa na mafuta ya bunduki, anaanza kufuta, na uchafu unaondoka mbele ya macho yako.

Mara ya kwanza nilipoona hivyo nilisogea karibu na televisheni. Yule mtu anafuta kama fundi. Hana papara.

"Mjomba, unasafisha tena?" mpwa wangu huniuliza. "Si umesafisha jana?"

Jana ilinyesha, namwambia. Anacheka.

Ila hapo kwenye mafuta nina neno. Babu yangu mzaa mama alikuwa na gobole, la kufukuzia nguruwe na nyani shambani kule Handeni. Nikiwa mdogo nilimwona akilisafisha, na hakuanza na mafuta hata siku moja. Alianza na maji ya moto. Anamimina kwenye mtutu, anatumbukiza kijiti chenye kitambaa, anavuta na kusukuma, na maji yanatoka meusi kama ya kuoshea sufuria ya kuni. Anarudia mpaka yatoke meupe. Kisha anakausha vizuri, ndipo anapaka mafuta. Sababu yake ni kwamba baruti ya zamani, ile nyeusi, inaacha masizi yenye chumvichumvi, na chumvi inavuta unyevu wa hewa. Ukipaka mafuta juu yake umeifunika tu, na kutu inaendelea kula chini kwa chini. Chumvi dawa yake maji.

Sasa mwaka 1899 baruti isiyo na moshi ilikuwa imeshaanza kutumika. Wafaransa waliingiza jeshini bunduki yao ya Lebel mwaka 1887, na jeshi la Marekani lilichagua Krag-Jørgensen, ya mafundi wa Norway, mwaka 1892. Lakini bastola za mtaani bado zilikuwa zikila baruti nyeusi kwa wingi. Kwa hiyo Arthur alitakiwa ateleke maji kwanza. Na birika la kahawa liko palepale motoni kambini, limekaa tu! Watengenezaji wa gemu walifikia mpaka hapo wakaliacha.

Nawasamehe, kwa sababu mambo mengine wameyapatia mpaka raha. Chukua bastola ya mwanzo kabisa, Cattleman. Yeyote aliyewahi kuona picha ya Colt ya mwaka 1873 anajua imetoka wapi. Ile haijikoki yenyewe: lazima uvute nyundo nyuma kwa dole gumba kabla ya kila risasi. Kwenye gemu unabonyeza R2 mara moja inalia, unabonyeza tena anavuta nyundo. Wageni wanadhani pedi imeharibika. Kujaza risasi nako ni moja moja, kupitia kijidirisha cha pembeni, huku silinda ikizungushwa tundu kwa tundu. Matundu ni sita, na Arthur anatembea na risasi sita. Watu wa kweli wenye tahadhari walikuwa wakiweka tano na kuliacha tundu lililo chini ya nyundo likiwa tupu, maana bastola ikidondoka ikaangukia nyundo, itakufyatulia mguu.

Bastola ya Schofield ni kinyume chake. Hiyo inavunjika katikati kama embe bivu, maganda yote ya risasi yanamwagika kwa mkupuo. Kwa fundi, tofauti ya hizi mbili ni kama ya cherehani ya mkono na ya miguu: zote zinashona, lakini mwili wako unajipanga tofauti. Na ile karabini, bunduki fupi ya risasi saba, inajazwa kupitia nyuma ya kitako! Nilidhani ni uzushi wa gemu mpaka nilipokuja kujua kuwa bunduki ya kweli ya Spencer, ya enzi za vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, ndivyo ilivyokuwa. Risasi zilipangwa ndani ya kitako, springi inazisukuma mbele.

Nisijisifu sana lakini. Kuna siku nilitoka kuwinda sungura, nikaingia Valentine asubuhi, bunduki bado mkononi. Nje ya duka amesimama mzee mmoja, nikaona nimwamkie. Kumwamkia mtu unabonyeza L2 umtazame, kisha unachagua salamu. Tatizo ni kwamba ukiwa umeshika silaha, L2 hiyohiyo ndiyo ya kulenga. Arthur akainua bunduki, akamwelekezea yule mzee usoni. Nikashtuka. Katika kutafuta namna ya kuishusha nikabonyeza R2.

Mwanamke akapiga kelele. Watu wakakimbia huku na huku, askari wakatoka, nami nikaondoka Valentine kwa farasi, risasi zinapita sikioni na kichwa changu kimewekewa dau. Mimi nilitaka kusema habari za asubuhi.

Tangu hapo nina kanuni: silaha inarudi alani kabla sijaingia mji wowote.

Tuje kwenye mapambo, maana ndiko hela inakoishia. Wauza bunduki wako Valentine, Rhodes, Saint Denis, Annesburg na Tumbleweed, na ukifika kaunta unaweza kuibadilisha silaha karibu kipande kwa kipande. Mimi nanunua kwa mpangilio wa kazi. Kwanza mifuo ya ndani ya mtutu, ile inayoizungusha risasi ili iende imenyooka. Pili kile kinundu cha kulengea. Tatu mtutu mrefu, ikiwa silaha inaukubali. Hivyo vitatu vinabadilisha namna silaha inavyopiga, utaviona ukimlenga kulungu ng'ambo ya mto.

Kuna kingine wanakuuzia: kuzungushia bunduki kitambaa au ngozi ili ichelewe kuchakaa. Hapo nakataa. Nilinunua mara moja nikajuta. Ndani ya gemu kinafanya kazi kama wanavyosema, ndiyo, lakini macho yangu hayawezi. Kitambaa kilicholowa, kimekumbatia chuma usiku kucha? Mteja akiniletea cherehani iliyofungwa tambara bichi, kabla sijafungua najua nitakachokikuta.

Baada ya hapo yanabaki marembo: chuma cheusi, cha buluu, fedha, dhahabu, mbao za kitako za rangi tofauti, na nakshi. Unachagua kipande kimoja kimoja, mtutu hivi, silinda vile, mpaka nyundo na kifyatulio vina rangi zao. Hakuna kinachoongeza shabaha hata chembe. Nakshi zao ni majani na mizabibu inayojipinda, na nyingine ukiziangalia kwa karibu unaweza kusema fundi wa milango wa Zanzibar kapita hapo. Nilikaa karibu saa nzima nikichagua, kisha nikatoka bila kununua. Cattleman yangu niliiacha chuma kitupu na kitako cha mbao, iliyokwaruzika kidogo. Ilifanana na mtu anayeifanyia kazi.

Lalamiko langu jingine ni la farasi, na kila aliyecheza analijua. Unachagua bunduki yako kwa makini, unapanda farasi, unafika uwindaji, unashuka, na Arthur anaiacha kwenye tandiko. Unapigwa na genge zima ukiwa na bastola kiunoni na kisu, bunduki uliyoitunza wiki nzima inakimbia na farasi aliyeshtuka.

Mwezi uliopita nilisafiri siku nne kwenda Korogwe msibani, PS4 nikaiacha nyumbani na mpwa wangu. Niliporudi nikawasha, nikafungua duara la silaha, na macho yakaniuma. Cattleman yangu ilikuwa dhahabu. Mtutu dhahabu, silinda dhahabu, nakshi kila mahali pa kuchongeka, kitako cheupe. Dola nilizokuwa nazo, zilizotokana na ngozi nilizokusanya miezi, hazipo.

"Si imependeza, Mjomba?" akasema. "Ilikuwa kama ya mlinzi wa godown."

Sikumjibu. Nikachagua kuikagua, Arthur akaigeuza mkononi, na chini ya ile dhahabu yote kulikuwa na tope la mabwawa ya jimbo la Lemoyne limeganda kwenye mifereji ya nakshi, mstari wa hali umebaki chini ya nusu. Nikafungua mkoba kutafuta mafuta ya bunduki. Niliacha chupa sita. Alikuwa amezitumia ngapi? Zote sita zilikuwepo.