Kebo ya Mtandao Isilazwe Pamoja na Kebo ya Mota

Miaka michache iliyopita niliitwa katika kiwanda kimoja cha sabuni jijini Dar es Salaam, ambako mizani ya kupimia malighafi ilikuwa ikipoteza mawasiliano na kompyuta ya ofisini kila mara mota ya mtambo wa kuchanganyia ilipowashwa. Mafundi walionitangulia walikuwa wamekwisha kubadilisha swichi ya mtandao mara mbili, na mimi nami nilitumia siku nzima kuchunguza programu kabla ya kuomba mtambo uzimwe, nikapanda ngazi na kufungua mfereji wa chuma uliopita juu ya ukumbi. Ndani yake, kwa urefu wa mita zipatazo 40, kebo ya mtandao ilikuwa imelazwa ubavuni mwa kebo ya mota, zote mbili zikiwa zimefungwa pamoja kwa vifungo vya plastiki vilivyokazwa mpaka ganda la kebo nyembamba likabonyea.

Mota ile iliendeshwa kupitia kidhibiti kasi, yaani kifaa kinachokata na kuunganisha umeme maelfu ya mara kwa sekunde moja ili mota izunguke kwa mwendo unaotakiwa. Kila mkato hutoa msukosuko wa umeme unaoruka kutoka waya hadi waya bila hata kugusana, na kadiri kebo mbili zinavyokwenda sambamba kwa umbali mrefu ndivyo msukosuko huo unavyozidi kuingia katika kebo ya jirani. Ndiyo maana nyaya nane za kebo ya mtandao husokotwa katika jozi nne: msokoto huo hupunguza sana msukosuko, lakini hauwezi kushinda mita 40 za ujirani wa namna ile.

Hata hivyo, kilichonitisha zaidi si kukatika kwa mawasiliano. Penye ukingo wa mfereji, mahali ambapo chuma kilikatwa bila kupigwa tupa, ganda la kebo ya mota lilikuwa limeanza kukwanguka kwa sababu ya mtikisiko wa mitambo. Kama shaba ingebaki wazi pale, umeme unaoendesha mota ungeweza kuingia katika kebo ambayo ganda lake halikutengenezwa kuuzuia, ukasafiri hadi mezani kwa karani wa mizani, mtu ambaye hana sababu yoyote ya kudhani kwamba kebo ya kompyuta yake inaweza kumuua. Kwa hiyo ninaposisitiza kwamba kebo za umeme na za mtandao zipewe mifereji tofauti, au angalau mfereji wenye ukuta wa chuma katikati, na kwamba zinapolazimika kukutana zikatizane kwa pembe mraba, ninazungumzia kwanza uhai wa watu, kisha kasi ya mtandao.

Jambo hilohilo linahusu kuzima umeme. Katika viwanda vyetu vingi kuna jenereta inayojiwasha yenyewe umeme wa gridi unapokatika, na fundi aliyezima chanzo kimoja tu anaweza kukutwa na umeme wa chanzo cha pili akiwa bado ameshika waya. Kila anayefanya kazi anapaswa kuweka kufuli lake mwenyewe kwenye swichi kuu na kubaki na ufunguo mfukoni. Kisha testa ijaribiwe mahali penye umeme unaojulikana, itumike kwenye waya unaotaka kushikwa, halafu irudishwe tena pale pa kwanza, kwa kuwa testa iliyokufa haitofautishi waya salama na waya wa hatari. Kidhibiti kasi nacho hubaki na chaji ndani yake hata baada ya kuzimwa, na muda wa kusubiri huandikwa kwenye kifaa chenyewe. Usome na uuheshimu.

Tuliamua kuitoa kebo ya shaba kabisa katika ukumbi ule na kuweka faiba, ambayo hubeba mwanga na kwa hiyo haisumbuliwi na mota. Faiba ina hatari zake. Vipande vinavyokatwa ni vioo vyembamba kama unywele, vinaingia katika ngozi na huonekana kwa shida sana, hivyo tulivikusanya katika chupa yenye kifuniko na hatukuruhusu mtu kula karibu na meza ya kazi. Mwanga unaopita ndani yake kwa kawaida hauonekani kwa macho ya binadamu, na kuchungulia ncha ya faiba ili kuona kama inafanya kazi ni kulihatarisha jicho bure.

Upande wa ofisini tulibaki na shaba, na hapo nilisimamia uvutaji mwenyewe. Kebo ya Cat6, aina ya kebo ya mtandao ya shaba, haipaswi kuvutwa kwa nguvu inayozidi newtoni 110, takriban uzito wa kilo 11, kiasi ambacho kijana mwenye haraka hukipita bila kujua. Wala haipaswi kupindwa kwa kona ambayo nusu kipenyo chake ni chini ya mara nne ya unene wake. Ikivutwa kupita kiasi, jozi hulegea ndani ya ganda ambalo kwa nje linaonekana zima. Nilikwangua pia ncha ya kebo ya kila boksi kwa kisu, kwa sababu zipo kebo zinazouzwa kama shaba ilhali ni aluminiamu iliyopakwa shaba. Weupe wake huonekana mara moja. Kebo hizo huvunjika upesi, na zinapobeba umeme wa kamera zinazowashwa kupitia kebo ya mtandao hupata joto zaidi, jambo lisilofaa hata kidogo juu ya dari iliyo chini ya mabati.

Kebo mpya ya mota, yenye wavu wa shaba uliounganishwa na ethi katika ncha zote mbili, tuliipima kwa mega, yaani kifaa cha kupimia uzima wa ganda la kebo, ya volti 500 kabla ya kuiunganisha na kidhibiti kasi, kwa kuwa volti hizo zingekiharibu kifaa hicho. Lebo ziliwekwa kila upande.

Mtambo ulipowashwa, namba za mizani hazikukatika tena. Kile kipande cha ganda lililokwanguka nimekihifadhi katika sanduku langu la zana, na vijana wanaojifunza kwangu hukishika mkononi kabla sijawakabidhi koleo.