Nauli ya Kilomita 120

Tulitoka Msamvu, Morogoro, saa 3 kamili asubuhi, mimi na babu, safari ya Dodoma. Nilikuwa darasa la sita. Tumeipita Gairo, Kibaigwa hatujaifikia, basi likazima katikati ya pori, injini inafuka moshi. Saa ilikuwa 5 na robo.

Kondakta alisimama mlangoni akatangaza kwamba asiyeweza kumsubiri fundi atarudishiwa nauli ya safari iliyobaki, nayo ni kilomita 80 tu. "Gari linatembea 80, tumetembea saa mbili na robo, hiyo 180. Moro mpaka Dodoma 260. Toeni wenyewe."

Kijana mmoja akatoa simu, akabonyeza 80 mara 2.15, akapata 172. Akadai zimebaki 88. Abiria wakamshangilia, maana 88 zina pesa zaidi.

Babu, mstaafu wa reli, aliniomba kalamu akageuza tiketi upande usioandikwa. Alianza na kijana. "Mwanangu, dakika 15 ukiziandika .15, saa yako ina dakika 100. Gawa 15 kwa 60, unapata 0.25. Hapo kondakta kakushinda." Kondakta akacheka, lakini hakucheka sana. "Na wewe, 80 ndiyo mwisho wa sheria kwa basi, siyo mwendo wako wa safari nzima. Vijijini ulishuka mpaka 50. Dumila mmepakia. Trafiki je? Nimekuwa nikitazama vibao vya kilomita na saa yangu. Wastani wako ni 62, na hapo nimekupendelea."

Akaandika 2.25 juu, 62 chini, nukta akaisahau kwa makusudi. 225 mara 2, 450. 225 mara 6, 1,350, akaisogeza nafasi moja kushoto. Akajumlisha: 13,950. Ndipo akahesabu tarakimu mbili kutoka kulia na kuikandamiza nukta kwa nguvu mpaka tiketi ikatoboka: 139.50.

"Zimebaki 120 na nusu," akasema.

Waliokuwa wameshuka kunyoosha miguu walikwisha kutuzunguka. Mama mmoja mwenye tenga la kuku akasema yeye desimali hazijui, ila jibu la mzee amelipenda. Kondakta alilalama, akapiga simu kwa tajiri wake, akalalama tena. Mwisho wakakubaliana 110. Babu akazihesabu noti mara mbili, kisha tukasimamisha lori la mahindi.

Nilikaa karibu na dereva, macho kwenye mita. Tulipoingia Dodoma ilikuwa imesoma kilomita 121 tangu tulipopandia. Nikamwambia babu, nikitegemea atafurahi. Alikuwa anatafuta begi lake.

"Basi kumi na moja zangu," akasema, "bado anazo yule."