Siku moja nikiwa miguu ya mwanasesere

Saa tatu asubuhi nimeshafika Ukumbi wa Taifa wa Bunraku, maigizo ya wanasesere ya Kijapani, Osaka. Mwanafunzi hafiki baada ya mwalimu wake. Nakagua viatu vyake vya jukwaani, vya mbao, virefu kama stuli, vyenye nyasi chini ili visigonge.

Saa tano pazia linafunguliwa. Mwanasesere mmoja huchezeshwa na watu watatu: mwalimu anashika kichwa na mkono wa kulia, mwenzangu mkono wa kushoto, na mimi miguu. Nimevaa nguo nyeusi na kofia inayofunika uso. Mwalimu amesimama juu ya viatu vyake. Mimi nimejikunja chini, mkono wangu ukigusa nyonga yake. Hatuongei. Nyonga hiyo ndiyo hunipa habari ya hatua ijayo. Wazee husema miaka kumi ya miguu, kumi ya mkono wa kushoto, ndipo ufikirie kichwa. Niliosoma nao shule sasa ni mameneja.

Saa nane mchana nakula wali nimesimama, maana nikiketi mgongo unagoma kunyooka. Nabandika plasta ya dawa kiunoni, narudi kazini.

Jioni ni zamu ya "Sonezaki Shinju", tamthilia ya Chikamatsu ya mwaka 1703. Wanasesere wa kike kwa kawaida hawana miguu. Ngumi zangu ndani ya pindo la kimono ndizo magoti yao. Ohatsu, mhusika mkuu wa kike wa tamthilia hii, ni tofauti. Mpenzi wake amejificha chini ya sakafu. Mwanamume huyo anaushika mguu wa Ohatsu na kuupitisha kooni pake mwenyewe, kumjibu kwamba yuko tayari kufa naye. Ukumbi mzima unaukodolea macho mguu ule mweupe. Watu wanalia, na wana haki. Mama alipokuja kutazama, aliniuliza baadaye nilikuwa yupi kati ya wale weusi.

Saa tatu usiku mwalimu anavua viatu. "Goti limechelewa," ananiambia, basi. Akisema neno, ujue bado anakutazama.

Kwenye treni nasoma ujumbe wa dada: kisomo cha kumkumbuka baba kiwekwe lini? Januari tarehe 3 tunafungua msimu hapa. Februari ni Tokyo, Machi tunazunguka mikoani, Aprili tuko Osaka tena. Nimemwandikia wapange siku inayowafaa wao, wasinisubiri.