Ramani inayooza: Chama cha Wapima Anga

Katika ulimwengu ninaouandika hakuna bahari. Kuna anga tu na visiwa vinavyoelea ndani yake, vingine vya kubeba miji na mashamba, vingine vidogo kama ua wa nyumba. Kila kisiwa husukumwa na upepo wa kimo chake, kwa hiyo viwili vilivyokuwa majirani wakati wa mvua huweza kuachana safari ya wiki nzima kiangazi kikifika. Watu wa huko walihitaji chama cha kuwafuatilia visiwa vyao, wakakiita Chama cha Wapima Anga. Nimekaa nacho muda mrefu kuliko sehemu nyingine yoyote ya hadithi yangu.

Hadithi za namna hii humtukuza nahodha: koti refu, darubini, kisiwa ambacho hakuna jicho lililokiona. Nami nampenda nahodha. Lakini nilipojiuliza ramani ya anga kama hiyo itachorwaje, akajitokeza mtu mwingine, karani wa chumba cha chini anayesoma batli, yaani daftari za kumbukumbu za safari, za vyombo vilivyorudi. Ramani ya milima ikichorwa vizuri hudumu vizazi. Ramani ya visiwa vinavyotembea huanza kuoza wino unapokauka, na hakuna ushujaa wa nahodha utakaoiponya. Ataiponya anayeisahihisha.

Karani huyo nimempata kwa mtu wa kweli. Matthew Fontaine Maury alikuwa ofisa wa jeshi la majini la Marekani. Mwaka 1839 aliumia mguu katika ajali ya gari la farasi, na safari za baharini zikamwishia hapo. Mwaka 1842 akakabidhiwa bohari ya ramani na vifaa mjini Washington, ambako batli za zamani zilikuwa zimelala kwa marundo. Akaanza kuzichambua moja moja: siku hii, mahali hapa, upepo ulitoka wapi na kwa nguvu gani? Ramani zake za pepo na mikondo zilianza kutoka mwaka 1847. Nahodha aliyekubali kumpelekea kumbukumbu za safari zake alipewa ramani bure.

Mapatano hayo nimeyafanya sheria ya kwanza ya chama. Ramani haiuzwi. Unaichukua, unasafiri, unarudisha batli. Usiporudisha, hupewi nyingine. Tazama sheria fupi kama hiyo inavyozaa visa. Mfanyabiashara aliyegundua mkondo wa upepo unaomfikisha sokoni kabla ya wenzake atatamani kuuficha, ataandika batli ya uongo. Karani ana batli za vyombo vingine vitatu vilivyopita karibu na hapo juma lilelile, na pepo zao hazipatani na za huyu. Kuna watu watakaopanda chombo kesho kwa kuamini atakachochora.

Kimo kilinitoa jasho. Pasipo bahari chini, unahesabu kuanzia wapi? Jibu limo kwenye hewa yenyewe. Mwaka 1648 Florin Périer, shemeji wa Blaise Pascal, alipanda mlima Puy de Dôme nchini Ufaransa akiwa na bomba la zebaki, na zebaki ikashuka kadiri alivyopanda, kwa sababu hewa iliyokuwa juu yake ilizidi kupungua. Bomba la kioo lenye zebaki halifai katika chombo kinachotikiswa na dhoruba, kwa hiyo wapimaji wangu wanatumia njia nyingine ambayo wapelelezi wa milima waliitumia kweli: wanachemsha maji. Maji yanayochemka kwa nyuzi 100 usawa wa bahari huchemka kwa takriban nyuzi 90 ukifika mita 3,000. Birika la shaba na kipimajoto kizuri vinatosha. Sifuri ya ramani zote za chama ni pale maji yanapochemka kwa kiwango walichokubaliana, popote mji mkuu utakapokuwa umepeperushwa mwaka huo. Hali ya hewa nayo hucheza na kipimo hiki, hivyo wanachemsha asubuhi na jioni na kuandika yote mawili. Naipenda sana picha ya chama kizima cha wasafiri wanaopima dunia kwa birika.

Wanagenzi hawapewi karatasi mwanzoni. Wanafundishwa kwa fremu za vijiti, na hilo nimelichukua kwa mabaharia wa Visiwa vya Marshall, waliofunga vijiti vya makuti kuonyesha jinsi mawimbi makubwa yanavyopinda yanapokutana na visiwa, na makombe ya baharini yakisimama badala ya visiwa. Fremu zile hazikubebwa safarini. Zilisomwa nchi kavu mpaka zikaingia kichwani. Mwanagenzi wangu naye hufumba macho na kupapasa vijiti mpaka aweze kusema kila upepo unapindia wapi.

Sheria ya pili inahusu vimo vya juu: hakuna apandaye peke yake. Tarehe 5 Septemba 1862 James Glaisher na Henry Coxwell walipaa kwa puto kutoka Wolverhampton, Uingereza, wakapita mita 8,000. Glaisher, aliyekuwa akiandika vipimo, alizimia. Mikono ya Coxwell ilikuwa imekufa ganzi kwa baridi, akavuta kamba ya kutolea gesi kwa meno, puto likashuka. Glaisher alipozinduka aliendelea na vipimo vyake. Kwa hiyo katika chama changu mmoja huandika, mwenzake humtazama midomo na vidole, na yule anayetazama ndiye mwenye amri ya kushuka, hata kama mwandishi ni mkubwa wake. Ubishi juu ya amri hiyo umevunja urafiki mmoja katika sura ya nne, na sitaurekebisha.

Sasa naandika sura ya karani na mkondo uliofichwa. Mkondo upo, amethibitisha, na unapita juu ya kisiwa maskini ambacho hakijawahi kutembelewa na chombo cha biashara. Akiuchora, wakazi wake watapata dawa na mbegu. Watapata pia wakusanya kodi wa mji mkuu. Chama hakina sheria inayomruhusu kunyamaza. Nimeamua kwamba atauchora, lakini kwanza atapanda chombo, kwa mara ya kwanza maishani mwake, akawaulize wenyewe.