Nilikwenda Salem na Kipande cha Merikani

Treni ya Boston hadi Salem, mji wa bandari huko Marekani, ni mwendo mfupi, lakini nilisimama njia nzima, nimebanwa na watu waliovaa kofia nyeusi zenye ncha. Sikujua kwamba Oktoba mji huu wote huwa wa wachawi. Chumba chenye dirisha lisilofunga vizuri kilinitoa dola 290 kwa usiku mmoja. Nililipa huku moyo unauma.

Mimi nilifuata kitambaa. Bibi yangu, mtu wa Pangani, aliweka jora la merikani, ile nguo nzito ya pamba, chini kabisa ya sanduku. “Hiyo sanda yangu, usiichezee.” Nilikuwa mtu mzima nilipotambua kwamba ndani ya neno merikani mna nchi nzima, Marekani. Sayyid Said, mtawala wa Oman na Unguja, alifanya mkataba wa biashara na Wamarekani mwaka 1833, na konsuli wao wa kwanza Unguja, mwaka 1837, alikuwa Richard Waters, mfanyabiashara wa Salem. Merikebu zao zilileta nguo, zikarudi na pembe za ndovu na sandarusi.

Kila niliyemuuliza zilikotia nanga merikebu hizo alinielekeza kwenye habari za 1692. Watu 19 walinyongwa kwa kusingiziwa uchawi, na nawaonea huruma kwa dhati. Lakini hata mmoja hakuwa amesikia habari za Unguja.

Nikaenda peke yangu gati la Derby, refu, limeingia baharini, upepo unakata masikio. Mzee mmoja alikuwa anavua samaki. Nilimwamkia, nikamweleza kilichonileta. Alinitaka nilitamke tena lile neno.

“Me-ri-ka-ni,” akarudia polepole. Kisha akanyoosha mkono kuelekea majengo makubwa ng’ambo ya maji. “Kile kilikuwa kiwanda cha pamba. Mama yangu alifuma mashuka pale.”

Tukanyamaza. Baadaye akasema mwenyewe, bila kuulizwa, kwamba zamani pamba ile ilichumwa na watumwa wa Kusini mwa Marekani. Nikamwambia na huku kwetu nguo hiyo ilipanda bara vichwani mwa wapagazi, na kuna watu walionunuliwa kwayo. Vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe vya 1861 vilipokata pamba, merikani iliadimika pwani, nguo za wengine zikaingia, jina likabaki lile lile. Hata jora la bibi huenda lilifumwa India.

Bibi alipofariki tulilikata, akazikwa nalo. Kipande kilichobaki nilikuwa nacho mfukoni, nikampa yule mzee. Aliweka ndoana chini, akafuta mikono kwenye suruali, akakisugua kati ya kidole gumba na cha shahada, muda mrefu.

“Uzi mnene,” akasema. “Mama angekipenda.”

Akakikunja kwa kufuata mikunjo ile ile ya bibi, akanirudishia.