Daftari la mwenye duka

Mama yangu hakusoma shule, lakini kila msimu wa mpunga alikuwa anachora mistari ya mkaa ukutani nyuma ya mlango wa jiko. Mstari mmoja mfuko wa urea, mstari mfupi debe la mahindi, kiduara kilikuwa hela taslimu. Tulikuwa tunalima Usangu eka mbili za kukodi, kodi yenyewe inalipwa kwa magunia baada ya mavuno, na mbolea tunachukua dukani kwa mkopo. Sasa mwezi wa sita mwenye duka anakuja na daftari lake, anasoma, na hata siku moja daftari halikulingana na ukuta. Mama anasema mifuko mitatu, daftari linasema mitano. Na mpunga wenyewe ulishaahidiwa yeye tangu haujatoa hata suke, kwa bei aliyopanga yeye.

Nimeikumbuka hii kitu kwa sababu wiki mbili hizi nasoma habari za watu weusi wa kusini mwa Marekani baada ya utumwa kufutwa 1865, na kila ukurasa nauona ule ukuta. Huku kwetu Mbeya pamba sio zao letu, kwa miaka mingi ilikatazwa kulimwa ili funza mwekundu asivuke kutoka nchi jirani, mi mwenyewe pamba shambani nimekuja kuiona ukubwani nilipoenda Shinyanga. Lakini deni la mkulima nalijua.

Shuleni tulifundishwa utumwa uliisha, basi, mada imefungwa. Hatukuambiwa asubuhi yake walikula nini. Januari 1865 Sherman, jenerali wa jeshi la kaskazini lililokuwa vitani na kusini, alitoa amri familia zilizokuwa utumwani zigawiwe ardhi, mpaka eka 40 kila moja, ukanda wa pwani ya South Carolina, Georgia na Florida. Watu kama 40,000 wakaingia, wakapanda, wakajenga. Kabla mwaka haujaisha Rais Andrew Johnson akaamua mashamba yarudi kwa mabwana wa zamani. Hapa ndo niliweka kitabu chini nikatoka nje kidogo, maana mtu umeshapanda mahindi yako afu unaambiwa toka!

Na ukitoka unaenda wapi? Jimbo la Mississippi mwaka huohuo likatunga sheria kwamba kila Januari mtu mweusi awe na karatasi ya kuonyesha ana kazi, asipokuwa na kazi anakamatwa kama mzururaji, anapigwa faini, na akishindwa kulipa anakodishwa kwa mtu afanye kazi.

Mabwana nao hela ya kulipa mishahara hawakuwa nayo, ile vita ya kaskazini na kusini iliwamaliza, na watu waliotoka utumwani walikataa kabisa kurudi kulima kwa makundi huku msimamizi amesimama na mjeledi, kila familia inataka kipande chake ijipangie yenyewe. Ndo ukazaliwa mtindo wa kugawana mazao: tajiri anatoa ardhi, nyumbu wa kulimia (yule chotara wa punda na farasi), jembe na mbegu, wewe unatoa jasho la familia nzima, pamba ikivunwa anachukua nusu. Kwa kusikia tu unaweza kusema sio mbaya. Ubaya uko dukani. Kuanzia kupanda mpaka kuvuna unakula kwa mkopo, unga, nyama ya chumvi, viatu, na bei ya mkopo ni ya juu kuliko ya keshi, dhamana ni pamba ambayo bado iko ardhini. Mwenye duka anataka pamba tu kwa sababu pamba ndo inauzika, kwahiyo mahindi hulimi, unayanunua kwake. Na kila mtu akilima pamba bei inaanguka, miaka ya 1890 kuna misimu ilishuka chini ya senti 6 kwa ratili. Desemba linafunguliwa daftari, unaambiwa bado unadaiwa, unarudi shamba lilelile mwaka mwingine.

Kilichoniuma zaidi ni yaliyotokea Elaine, mji mdogo wa jimbo la Arkansas. Mwaka 1919 bei ya pamba ilikuwa nzuri, wakulima weusi wakaunda chama na kutafuta wakili, wanachotaka ni malipo ya haki na karatasi yenye mchanganuo wa deni lao, kitu kwa kitu. Usiku wa Septemba 30 wako kanisani wanafanya mkutano, risasi zikaanza, na siku zilizofuata watu weusi waliuawa wengi sana, makadirio mengine yanavuka 200. Wazungu waliokufa walikuwa watano. Wakulima 12 wakahukumiwa kifo, kesi ikafika Mahakama Kuu ya Marekani 1923, na mwishowe hakuna aliyenyongwa.

Jumapili nilimsimulia mama yote haya, anachambua mchele kwenye ungo, kimya. Nilipomaliza akauliza, na hiyo karatasi ya hesabu walipewa? Nikamwambia wale 12 walitoka jela.

Akasema, mwanangu, mi nimekuuliza karatasi.