Mama wa Nargis

Jana umeme ulikatika tukiwa mezani, tukamalizia bukari na sombe kwa taa ya simu. Mama aliposhiba akaanza kuimba Kihindi. Maneno hayajui hata moja, anayababaisha tu, lakini sauti inapanda na kushuka mahali pake. Akasema ni wimbo wa "ile filamu ya mama mwenye kuvuta jembe". Ni Mother India ya 1957, mwigizaji Nargis akiwa amefungwa jembe kama ng'ombe. Mama aliiona usichanani, Kamalondo, mtaa wa Lubumbashi, na hadi leo akimtaja Nargis utadhani ni shangazi yetu.

Usiku nikamtafuta Nargis kwenye intaneti, nikaishia kwa mama yake, Jaddanbai. Sikuwa nimewahi kumsikia.

Alizaliwa 1892. Aliimba katika majumba ya watawala na kwenye sahani za gramafoni kabla filamu za India hazijapata sauti, jambo lililokuja 1931. Mwaka 1933 alikwisha kuigiza katika Raja Gopichand, kama mama wa mhusika mkuu. Kisha akaenda Bombay akafungua kampuni yake, na 1935 ikatoka Talash-e-Haq: kampuni yake, yeye anaigiza, muziki katunga yeye, na mtoto mmoja humo ndani ni Nargis, wa miaka kama sita. Mwaka uliofuata akaongoza Madam Fashion.

Hapo kwenye kutunga ndipo nilipokaa sana. Wakati ule desturi ya mwigizaji kufumba na kufumbua mdomo huku mwingine akimwimbia ilikuwa ndiyo kwanza inaanza. Waigizaji wengi waliimba wenyewe. Kwa hiyo mwanamke anayeimba kwenye filamu hakuwa ajabu. Ila kuamua wimbo uende vipi, uanzie wapi, uvunjike wapi, hiyo ilikuwa kazi ya wanaume, isipokuwa wanawake wachache sana.

Alifariki 1949. Mother India hakuiona. Na sasa karibu kila anapoandikwa, anaanza kwa kuwa mama wa fulani.

Mama yangu naye mtaani anaitwa kwa jina langu, na sijawahi kuona ubaya, ni heshima. Ila nyimbo alizoitungia kwaya miaka ya themanini bado zinaimbwa parokiani, na kwenye daftari la kwaya pameandikwa "wimbo wetu". Basi. Aliyeliandika daftari ndiye aliyesifiwa.

Asubuhi nikamsimulia habari za Jaddanbai. Alisikiliza huku akichambua majani ya sombe.

"Alikuwa na watoto wangapi?"

"Watatu."

"Na saa ya kutunga alipata wapi?"

Nikamwambia sijui, labda alikuwa na watumishi. Akacheka.

"Mimi zangu nilitungia hapa," akasema, akakigonga kinu kwa mchi, mara mbili, kisha akaanza kutwanga.